Korido Isiyo na Marobota

Jumatatu, 4 Agosti 2025

Simu ya Shangazi Angelina saa mbili asubuhi, kutoka Rombo. Nikamwamkia. Marahaba haikusikika vizuri, akaanza na Zahoro moja kwa moja.

Zahoro! Jirani wa ng'ambo ya mtaa, mwenye gesti ya ghorofa sita yenye lifti. Amempigia Shangazi yangu mwenyewe, bila hata kunidokeza, anataka kuikodi nyumba yetu nzima kwa miaka kumi. Kila asubuhi tunaangaliana mlangoni na kikombe cha kahawa mkononi. Kumbe anapima madirisha yangu.

Shangazi anasema vyumba kumi na sita kwa wageni saba si gesti, ni msiba. Anasema amesikia watu siku hizi wanalala kwenye apatimenti wanazozipata kwenye simu. Atakuja Jumamosi ya tarehe 16. Akikuta nyumba imechangamka, naendelea kuwa meneja. Akikuta imelala, Zahoro anakabidhiwa funguo na mimi narudi Rombo kukatia ng'ombe majani.

Mimi na ng'ombe hatujawahi kuelewana. Lakini sina wasiwasi. Siku kumi na mbili ni nyingi kwa mtu mwenye akili.

Jumanne, 5 Agosti

Semina Posta, ukumbi wenye kiyoyozi. Mada: mwelekeo mpya wa sekta ya ukarimu. Mwezeshaji ni kijana aitwaye Goodluck, suruali imembana mpaka hawezi kukaa. Alisimama kwa saa nne nzima.

Mafunzo makubwa. Mgeni wa leo hanunui kitanda, ananunua kumbukumbu. Mgeni wa leo anataka vitu vitatu: nafasi, harufu nzuri, na kujihudumia mwenyewe bila kuulizwaulizwa na mtu wa mapokezi. Nikaandika yote. Sambusa nne. Cheti kina jina langu, Athanas, limeandikwa sawasawa, jambo ambalo ni nadra.

Nikarudi Kariakoo kwa miguu nikiwaza. Nikafungua mlango wa gesti, nikaona kwa macho mapya. Sikuona nafasi! Niliona marobota. Vitenge, vyombo vya plastiki, viatu vya mtumba, magodoro yaliyokunjwa, kuanzia mlangoni mpaka chini ya ngazi. Wageni wetu ni wafanyabiashara wa mikoani. Wananunua siku tatu, wanarundika kwenye korido, siku ya nne wanapakia na kuondoka. Nimehesabu marobota arobaini na moja. Kupita ni kwa ubavu.

Katikati yake, kwenye kiti chake, Dada Mektilda wa mapokezi. Mtu wa Peramiho, ana miaka kumi na moja hapa, mimi nina miwili. Marobota hayana jina hata moja. Nikamuuliza kwa nini. Akasema wenyewe hawataki, jina likiandikwa mshindani anasoma na kujua nani anapeleka nini wapi. Yeye anayajua kwa kamba na fundo. La kamba nyekundu yenye mafundo mawili ni la Mama Severine wa Mbinga. Lililotoboka pembeni ni la yule bwana wa Tunduma.

Elimu ya mafundo, karne hii! Nilimhurumia.

Alhamisi, 7 Agosti

Nimebandika tangazo: KUANZIA LEO KORIDO NI SEHEMU YA MAPUMZIKO. MIZIGO HAIRUHUSIWI. UONGOZI. Uongozi ni mimi.

Mama Severine alilisoma mara mbili, akaja kuniuliza sufuria zake zitalala wapi. Nikamweleza kuhusu nafasi. Nikamweleza kuhusu kumbukumbu. Alinisikiliza kwa adabu mpaka mwisho, kisha akauliza tena sufuria zitalala wapi.

Mektilda akanivuta pembeni. Akasema kaka, hawa watu hawaji kulala, wanakuja kulaza mizigo, wao wanalala pembeni yake tu. Nikamjibu kwamba hilo ndilo tatizo lenyewe.

Zahoro alikuwa mlangoni kwake, anasikia yote. Akapaza sauti kwamba chini ya jengo lake kuna maegesho ya magari ishirini na hana mgeni hata mmoja mwenye gari, mizigo iende huko, bure. Makuli wakavusha marobota arobaini na moja mchana kutwa. Mimi nilisimamia. Nilijizuia kucheka. Amejenga ghorofa sita zenye lifti, halafu kazigeuza stoo kwa mdomo wake mwenyewe!

Ijumaa, 8 Agosti, Nane Nane

Korido ni nzuri mno. Nimeipaka rangi nyeupe. Nimeweka mianzi miwili kwenye chungu. Mchaichai unachemka kwenye jiko la mkaa nyuma ya ngazi, harufu inapanda mpaka ghorofa ya tatu. Ukikohoa mlangoni, sauti inakurudia.

Nimepiga picha thelathini na saba na kuziweka mtandaoni.

Wageni watano wameondoka. Mektilda anasema wamevuka barabara, wako kwa Zahoro, wanataka kulala karibu na mali yao. Wamebaki wawili, na mmoja anaumwa malaria, hawezi kutembea. Nimemwambia Mektilda kwamba mti hupukutisha majani ya zamani kwanza. Akaniuliza mti gani. Mtu huyu hana upeo.

Jumapili, 10 Agosti

Kelele ng'ambo tangu asubuhi! Nikatoka na kahawa yangu. Kwa Zahoro, Mama Severine na mama mmoja wa Masasi wameshika robota moja, kila mtu upande wake. Hakuna anayejua la nani. Makuli waliyarundika ovyo, kamba zikakatika, nyingine zikafungwa upya na mlinzi. Bwana wa Tunduma amekalia mzigo wake tangu jana, haendi hata chooni mpaka apate wa kumshikia zamu. Asubuhi tamu kuliko zote tangu nije Dar.

Saa sita Zahoro akavuka barabara. Kanzu safi, uso umechoka. Akanisalimia vizuri, mara ya kwanza mwaka huu. Akauliza kama ninaweza kumruhusu Mektilda akafanye kazi kwake.

Hapo ndipo nilipoona mlango umefunguka. Goodluck alisema nini? Mgeni ajihudumie mwenyewe! Mtu wa mapokezi ni mambo ya jana. Sasa adui ananiomba nimpe mambo ya jana, kwa heshima zote, amevaa kanzu! Nikajifanya kusitasita kidogo, kisha nikakubali. Nikamwandikia Mektilda barua ya mapendekezo, nikamsifu kwa mistari minane. Namtakia Zahoro kila la heri na mafundo yake.

Mektilda aliniuliza kama nina hakika. Nikasema ninayo. Akaniuliza tena. Kisha akapanga funguo zote kumi na sita mezani kwa mstari, akachukua kikombe chake na khanga ya begani, akavuka. Nilimwona akiingia kwenye yale maegesho na kusimama katikati ya marobota, mikono kiunoni. Kabla ya saa nane kelele zilikuwa zimekwisha.

Jumatano, 13 Agosti

Nimefunga kisanduku cha funguo ukutani. Kinafunguka kwa namba za siri. Mgeni anatumiwa namba, anafungua, anachukua ufunguo wake, anapanda. Hasemeshwi na mtu. Ndivyo wanavyofanya duniani.

Funguo zote kumi na sita nikaziingiza, nikakifunga. Namba ya siri niliiandika kwenye karatasi. Karatasi iko kwenye droo ya mapokezi. Ufunguo wa droo niliutundika, kwa usalama, pamoja na zile nyingine. Fundi kutoka mtaa wa Gerezani alikuja na nyundo. Kazi ya dakika moja. Sasa kisanduku kinafunguka kwa kila mtu, na hata hivyo hakuna anayekifungua.

Mgonjwa wa malaria amepona. Akaniaga vizuri, akavuka barabara, kumfuata mwenzake aliyevuka jana.

Lakini habari njema! Saa kumi jioni ujumbe umeingia kwenye simu. Kuna mtu ameona picha, anataka chumba siku nne kuanzia Ijumaa. Kutoka nje ya nchi! Lubumbashi. Mgeni wa kimataifa, siku moja tu kabla ya Shangazi! Nimempigia Shangazi kumtayarisha. Nikamwambia nyumba sasa inapokea watu wa mataifa. Akauliza mataifa mangapi. Nikasema tunaanza na moja.

Ijumaa, 15 Agosti

Nimevaa tai. Madafu mawili ya baridi, yametobolewa kitaalamu. Mchaichai tangu alfajiri.

Saa tano mgeni akafika. Mama mnene, mchangamfu, kilemba cha njano, na nyuma yake maguta matatu ya mizigo. La kwanza limejaa mabeseni. La pili vitenge. La tatu sikuliangalia.

Akanywa dafu, akalisifu. Akanywa na la pili. Akatazama korido yangu, ile nafasi yote, akafurahi sana, akawaambia makuli washushe hapahapa. Ikabidi nimweleze kuhusu sehemu ya mapumziko. Akasema haidhuru, basi nimwitie Mektilda. Nikamwuliza anamfahamuje. Akasema kwao Lubumbashi ukimwambia mtu unakwenda Kariakoo, anakwambia mzigo mwachie Mektilda, kisha ukatembee na roho safi. Picha zangu hakuzitazama, alitafuta jina la gesti tu.

Nikamwambia Mektilda hayupo tena. Akauliza yuko wapi. Ningeweza kusema sijui! Lakini mkono wangu ukajinyoosha wenyewe kuonyesha ng'ambo. Maguta matatu yakageuza.

Usiku huu katika nyumba ya vyumba kumi na sita nimelala peke yangu. Nimeogopa, naandika ukweli. Nimejaribu kuwaza Rombo, nimemwona ng'ombe tu.

Jumamosi, 16 Agosti

Shangazi alifika saa nne na nusu. Shikamoo. Marahaba. Akasimama kwenye korido, akanusa, akatazama mianzi, akauliza nani amefariki.

Akapanda ngazi peke yake. Nilisikia milango ikifunguliwa mmoja mmoja, kumi na sita, na kufungwa mmoja mmoja. Akashuka. Hakunigombeza. Ingekuwa heri angenigombeza. Aliuliza kitu kimoja tu, Mektilda yuko wapi, na safari hii nikaonyesha kwa kidole nikijua ninachofanya.

Nikamtazama kutoka dirishani. Pale maegesho kwa Zahoro marobota yamepangwa kwa safu, Mektilda kwenye kigoda, watu wanaingia, anaelekeza kwa kidevu tu, huyu hili, yule lile. Hakuna daftari. Shangazi akakaa juu ya robota. Wakaletewa chai. Wakaongea saa nzima. Mara moja Mektilda alicheka, mara moja Shangazi alijifuta macho. Zahoro alizunguka pembeni kama anayesubiri jibu la posa.

Kisha wakavuka wote watatu, Zahoro nyuma anabembeleza. Shangazi akamshukuru kwa kutunza watu wake na kumwambia nyumba haikodishwi. Akanigeukia. Mektilda ndiye meneja kuanzia leo, ndilo sharti lake la kurudi, na Shangazi amesema lilikuwa sharti dogo mno. Mimi sirudi Rombo. Kaka yake alimwachia mtoto, na mtoto wa kaka hatupwi hata akiwa hivi. Alisema "hata akiwa hivi." Nitakaa mlangoni, nitapokea mizigo, nitafanya ninayoambiwa na Mektilda.

Niliona aibu mpaka masikio yakawaka moto. Mektilda hakusema neno la kuniumiza. Alizima jiko la mchaichai, akaumimina kwenye vikombe vitatu, akanipa changu na sukari mbili kama ninavyopenda. Ilikuwa chai nzuri sana. Nikamwambia asante, meneja, na nikamaanisha.

Jumatatu, 18 Agosti

Jana na leo marobota yamerudi. Hamsini na mawili! Mama wa Lubumbashi amerudi, Mama Severine amerudi, vyumba kumi na vinne vina watu, na wawili wanabishania cha kumi na tano. Korido haipitiki hata kwa ubavu. Alfajiri hii Mektilda ameenda kumsindikiza Shangazi stendi ya Mbezi na kupitia sokoni. Mimi niko mlangoni kwenye kigoda changu, nimetulia, natafakari. Nimejifunza mengi.

Nimemtazama mgeni na nimelitazama robota, kwa makini, siku mbili. Mgeni anataka maji ya moto. Mgeni analalamika feni inapiga kelele. Mgeni anakunywa chai na kuomba chapati ya pili. Mgeni anapoteza kandambili. Robota halitaki chochote. Linalala palepale ulipolilaza, halikoromi, na linaamka likiwa na nidhamu. Mektilda mwenyewe alisema, watu hawaji kulala, wanakuja kulaza mizigo. Alikuwa nalo jibu mdomoni muda wote, hakulifuata mpaka mwisho. Hata Goodluck hakulifikia!

Mteja wa kweli wa nyumba hii ni robota. Na robota linalala sakafuni kwenye korido wakati vyumba kumi na vinne vimekaliwa na watu!

Watu watapata pa kulala, jiji hili lina apatimenti kila kona. Nimewangoja wote waende kununua. Nimeanza na chumba namba tatu, makuli wawili wananisaidia. Kitanda kimeshapanda juu ya paa, na godoro lake, na begi la bwana wa Tunduma. Marobota manne yameingia vizuri, la tano tunalisukuma. Wingu limetanda kidogo upande wa bahari, lakini Agosti mvua hainyeshi. Mektilda anarudi saa sita. Nikikaza mwendo, atakuta vitanda vyote kumi na sita viko juu.