Firigisi ya Mkubwa

Jumatano, 6 Mei
Jumamosi wakwe wanaleta mahari ya Darlène, binti wa marehemu kaka yetu. Nani atapokea zawadi kwa jina la ukoo? Mimi, au mdogo wangu Patient? Kwetu jambo hili huamuliwa mezani: anayepewa firigisi ya kuku ndiye mkubwa. Mpishi ni Maman Mathilde, mjane wa kaka. Nimemzidi Patient miezi kumi na mmoja. Koti limeshapigwa pasi.

Alhamisi, 7 Mei
Patient amempelekea Maman Mathilde kitenge. Nimempelekea viwili. Amenishukuru, akanifungia sombe, yaani kisamvu, ya kwenda nayo nyumbani. Nikauliza kama Patient naye alifungiwa. Alipewa sufuria nzima. Bon, ana watoto watano.

Ijumaa, 8 Mei
Hatari. Nimempigia simu Maman Mathilde kuulizia kuku. Kawanunua dukani, wamesafishwa, tumbo tupu. Bila firigisi hakuna mkubwa! Nimetoka zamu yangu ya ulinzi pale Schuman, hapa Brussels, moja kwa moja hadi kwa mchinjaji wa mtaa wa Matonge. Firigisi moja hauzi. Nimechukua kilo, nikaifikisha mwenyewe kwa Maman Mathilde, Evere. Sikumwambia apike moja tu. Mambo ya heshima hayafafanuliwi.

Jumamosi, 9 Mei
Firigisi ilikuwa kwenye sahani yangu. Nikasimama, nikaanza hotuba. Patient naye kasimama, yake iko kwenye uma. Mjomba wa bwana harusi anatafuna ya kwake. Chloé, binti wa Patient, miaka sita, ana mbili. Nikamwinamia Maman Mathilde, nikamuuliza kwa sauti ya chini amefanya nini. Yeye hakujibu kwa sauti ya chini.

"Papa Anaclet, si ulileta kilo muzima? Leo kila muntu iko mukubwa."

Sebule nzima ikacheka. Mimi na Patient tukabaki wima, tukibishana kama miezi kumi na mmoja ni mingi au michache. Tulipogeuka, dada yetu Mauwa, aliyetutangulia sote kuzaliwa, alikuwa ameshapokea masanduku, vitenge, na mbuzi wa mahari, ambaye hapa Brussels huja ndani ya bahasha. Wakwe wanampigia makofi. Na firigisi hata hali!

Jumapili, 10 Mei
Nimetafakari. Kosa si langu, ni la kuku: firigisi huuzwa kwa kilo. Mbuzi ana kichwa kimoja tu, nacho pia hupewa mkubwa. Mwezi wa saba Patient anabatiza mtoto. Nimempigia mchinjaji, nimeagiza kichwa. Akasema Patient ameshaagiza kimoja.

Nimeagiza vitatu.