Mratibu Mkuu Akubali Kuwa Parrain

Kwa furaha kubwa, na kwa mamlaka iliyojipa yenyewe, Ofisi ya Uratibu wa Uhalisia wa Jamii, yenye makao yake Newtown, ilitangaza kwamba furaha ya watu wote wanaosema Kiswahili mjini Johannesburg haitatokea tena ovyo ovyo. Sasa itaratibiwa.

Tangazo hilo liliandikwa na Bwana Adamu, Mratibu Mkuu, mzaliwa wa Muheza, mtu wa suti ya kijivu na moyo safi. Hakuwa mtu mbaya. Hilo lisemwe mapema, maana watu wa Turffontein huanza kucheka wakisikia tu jina lake, na kucheka kabla ya wakati kunaharibu habari. Bwana Adamu aliamini kwa dhati kwamba jambo lolote jema ambalo watu wanalifanya wenyewe litakuwa jema zaidi likiwekewa kanuni, na basi la wageni likaegeshwa mbele yake.

Jambo jema la kwanza aliloliona lilikuwa harusi za Wakongo. Karibu na uwanja wa mbio za farasi wa Turffontein, ndani ya jengo lililokuwa zamani duka la matairi, walikuwa na kanisa lao, Kanisa la Mlango Wazi. Jumamosi wakioana, mtaa mzima unajua. Siku moja basi la watalii lilisimama kwenye robot, yaani taa za barabarani, wageni wakasikia vigelegele, wakashuka kupiga picha na wakakataa kupanda tena. Bwana Adamu alipopata habari hizo hakulala vizuri. Urithi ulikuwa pale, unaimba na kucheza, na haukuwa na msimamizi hata mmoja.

Akaomba funguo za jengo, akapewa. Kuanzia hapo, asiyetaka kuratibiwa alikuwa huru kuolewa barabarani.

Benchi za mbele zikatengwa kwa wageni. Za katikati zikatengwa kwa mabegi ya wageni. Waumini wakahamia nyuma. Nyuma kukahitajika kwa ajili ya kamera, wakahamia uani. Uani kukajengwa choo cha wageni, na waumini wakapelekwa nje ya uzio, upande wa robot, ambako waliruhusiwa kuitikia "amina" kwa sauti ya wastani. Kinanda kiliondolewa kwa kuwa si cha asili. Mahali pake ikaletwa ngoma iliyonunuliwa sokoni Newtown, ambayo hakuna Mkongo yeyote pale aliyewahi kuiona kwao. Maombi ya makaratasi ya ukimbizi yalihamishiwa Jumanne, siku isiyo na basi, kwa sababu yaliwaharibia wageni hamu ya kula.

Mchungaji Pacifique, mtu mpole kupita kiasi, aliuliza kama mahubiri nayo yatahama.

"Mahubiri yabaki," Bwana Adamu alimjibu. "Ila yaishe kabla hayajaanza kueleweka. Wageni wanafurahi zaidi wasipoelewa."

Mambo yalikuwa yamenyooka hivyo siku Falonne alipopanda ngazi za Ofisi.

Falonne alikuwa msusi wa Rosettenville, msichana wa maneno machache. Alikuwa ameposwa na Hénock, mlinzi wa duka kubwa, na harusi ilikuwa Jumamosi inayofuata. Mama yake, Mama Jocelyne, alikuwa amesafiri kutoka Lubumbashi kwa basi, mpaka baada ya mpaka, kitenge chake kipya akikishika mapajani njia nzima kisijikunje. Na kwa kanuni zilizokuwepo, mama huyo angetazama ndoa ya mtoto wake kupitia matundu ya waya.

"Mi nataka mama yangu aikale ndani," Falonne alisema. "Njo vile tu. Mama, na batu yangu yote."

"Aikale!" Bwana Adamu alifurahi, akamgeukia katibu wake, Bi Shufaa wa Zanzibar. "Liandike hilo neno. Wageni wanapenda lahaja." Kisha akamrudia Falonne kwa upole. "Dada yangu, viti vimejaa. Jumamosi hiyo tunapokea Ujumbe wa Tathmini, unakuja kutupa daraja. Lakini ipo nafasi moja kwenye kitengo cha Hisia. Mama yako analia vizuri?"

"Kulia namna gani?"

"Kwa kuonekana. Machozi yaanze wageni wakishakaa, yakome kabla ya vitafunio."

"Mama yangu analia akisikia kulia."

"Hapo ndipo jamii zetu zinapokwama," Bwana Adamu alisema kwa huzuni ya kweli. "Hatuna ratiba."

Bi Shufaa aliandika na hilo.

"Na parrain yetu?" Falonne akauliza. "Yeye ataikala wapi?"

Bwana Adamu hakumjua huyo. Bi Shufaa akamweleza kwamba parrain ndiye yule mtu anayekaa kwenye kiti chekundu ubavuni pa maharusi.

Kiti hicho Bwana Adamu alikijua vizuri sana. Kilikuwa cha mahameli, mikono yake ya rangi ya dhahabu, na kilikuwa mahali pekee kanisani ambapo kamera zote hukutana. Katika picha za harusi iliyopita, zilizosambaa hadi ng'ambo, yeye alikuwa ametokea kiwiko tu.

"Kiti hicho nitakaa mimi," alisema.

"Wewe?"

"Kwa niaba ya Ofisi."

Falonne akainua uso, na kwa mara ya kwanza akamtazama vizuri. "Kwenu Tanzania, parrain ni nani?"

"Ni msimamizi wa ndoa. Anavaa vizuri, anapigwa picha, anakwenda zake."

"Kwetu hana kwenda zake."

"Vizuri zaidi. Nitabaki mpaka picha ya mwisho."

"Pasta atakuuliza maulizo mbele ya batu. Utaitika?"

"Binti," Bwana Adamu alisema, akitengeneza tai, "mimi nimejibu maswali ya kamati."

Bi Shufaa, ambaye alikuwa amepanga chumba na Wakongo kwa muda mrefu na amekwisha kula harusi zao nyingi, alikohoa. Bwana Adamu alimshauri afunge dirisha. Falonne alishukuru kwa adabu, akatoka, na kicheko chake kikasikika kwenye ngazi hadi chini. Bwana Adamu alikitia kwenye taarifa ya wiki kama ushahidi kwamba wananchi wanaridhika na huduma.

Jumamosi ikafika. Wageni walijaa benchi, mabegi yao yakajaa benchi za nyuma yao, na Ujumbe wa Tathmini ukakaa mbele kabisa, ukiongozwa na bibi mmoja mrefu mwenye kofia na kamera mbili. Nje ya uzio walikuwepo shangazi, kaka, wasusi wenzake Falonne, na Mama Jocelyne katika kitenge chake kisicho na mkunjo hata mmoja. Bwana Adamu alikaa kwenye kiti chekundu, mgongo wima, kidevu kidogo juu.

Mchungaji Pacifique alimaliza mahubiri kabla hayajaeleweka. Kisha akageuka.

"Parrain Adamu, hawa wawili ni nani kwako?"

"Ni watoto wangu," Bwana Adamu alijibu, akielekeza sauti upande wa kamera. Alihisi jibu limekaa vizuri.

"Wakigombana, wataenda kwa nani?"

"Kwangu."

"Mama wa bibi arusi ni nani kwako?"

"Ni mama yangu mzazi!" Hilo la "mzazi" hakuombwa. Alilitia mwenyewe, kwa ajili ya Ujumbe.

"Na nyumba yako ni ya nani?"

"Ni yao na watu wao wote!"

Kule nje ya uzio kulizuka kelele ambazo hazikuwa za wastani hata kidogo. Watu walikuwa wakikumbatiana. Bwana Adamu aliinamisha kichwa kama mtu aliyezoea kushangiliwa. Alipokiinua aliona waumini wote wanapakia sufuria kwenye magari.

"Wanakwenda wapi?" alimwuliza mchungaji.

"Kwako, parrain."

"Kwangu kufanya nini?"

"Sisi, mama wa bibi arusi anawalisha maharusi bukari, ugali wetu, kwa mkono wake, chini ya paa la parrain, mbele ya batu yao. Bila ile, ndoa iko nusu."

"Nusu gani imebaki?"

Mchungaji alifikiri. "Ile ya kweli."

Bwana Adamu angeweza kukataa. Alifungua mdomo kufanya hivyo. Lakini bibi mwenye kofia alikuwa tayari amepanda basi, kwa kuwa ratiba, aliyoiandika Bwana Adamu, ilimwahidi sherehe kutoka mwanzo hadi mwisho, na dereva alikuwa amekwisha kupewa anwani na Bi Shufaa.

Nyumba ya Mratibu Mkuu ilikuwa kaskazini ya mji, ndani ya mtaa wenye geti moja na waya wa umeme, mahali pa utulivu ambapo hata mbwa walionekana kuomba ruhusa kabla ya kubweka. Mlinzi wa geti alikuwa Pitchou, Mkongo wa Likasi. Alitoka kibandani akautazama msafara ulivyoziba barabara.

"Patron, hawa wote ni wako?"

Bwana Adamu alitazama nyuma. Kamera zote mbili za bibi zilikuwa zimemwelekea.

"Ni… watu wangu."

"Eish," Pitchou alisema kwa heshima kubwa, akainua chuma cha geti. "Sharp, patron. Leo umekuwa mtu."

Mke wa Bwana Adamu alifungua mlango akiwa na taulo kichwani. Kabla hajauliza, Mama Jocelyne alikwisha kumkumbatia, akamwita mkwe wangu, akamwuliza jiko liko wapi. Watu waliingia: shangazi, kaka, wasusi, kinanda ambacho kilikuwa kimefichwa kwenye buti ya gari la mtu tangu siku kilipofukuzwa. Wageni wakaingia nyuma yao. Sebule ikajaa, ngazi zikajaa, na Bwana Adamu, akiwa mlangoni, alihisi mkono ukimgusa begani taratibu. Alikuwa Bi Shufaa, na kitabu cha kanuni.

"Bwana Mratibu, uniwie radhi. Sherehe inapofanyika ndipo panapokuwa Eneo la Urithi, na wenyeji wa hapo wanasimama nje ya uzio ili wageni wapate nafasi."

"Sawa kabisa. Watoe wenyeji."

"Ndiyo nafanya hivyo, Bwana."

Ilimchukua Bwana Adamu muda kidogo kuelewa kwamba mwenyeji ni yeye. Kisha alikwenda, maana alikuwa mtu wa kanuni, akasimama nje ya uzio wake mwenyewe pamoja na mbwa wa jirani. Mkewe alibaki ndani. Mama Jocelyne alisema mkwe si mwenyeji, mkwe ni mkwe.

Kutoka pale aliona kila kitu kupitia dirisha. Aliona jinsi Mama Jocelyne alivyokagua wageni waliosimama na kamera, kwa jicho la mama anayeona watu ambao bado hawajapewa kazi. Mmoja akapewa vitunguu. Wawili wakapewa sufuria la kukorogea bukari, wakakoroga hadi jasho likawatoka. Bibi mwenye kofia akapewa mtoto mchanga, na mtoto akamlalia begani; asingeweza tena kushika kamera hata moja. Baada ya muda hakuna aliyekuwa anapiga picha. Wote walikuwa na unga mikononi.

Kisha Mama Jocelyne alikata tonge, akampa Hénock, akakata lingine, akampa Falonne, na hapo, katikati kabisa ya vitafunio, bila kumwuliza mtu, akaanza kulia. Falonne alilia naye. Shangazi wote walikuwepo. Kinanda kilikuwepo. Hakuna mtu wake hata mmoja aliyekuwa nje. "Amina!" walisema wote, na Bwana Adamu, kule nje, akaitikia kwa sauti ya wastani.

Taarifa ya Ujumbe wa Tathmini ilitoka bila kuchelewa. Bibi mwenye kofia aliandika kwamba katika safari zake zote hajawahi kuona uhalisia kama ule, akashauri Eneo la Urithi lihamishiwe moja kwa moja nyumbani kwa Mratibu Mkuu, wageni wakaribishwe kila Jumamosi, na mapazia yasibadilishwe. Kanisa la Mlango Wazi likafutwa kwenye mpango kwa kukosa mvuto. Mchungaji Pacifique alirudishiwa funguo, akaing'oa ngoma ya Newtown, akawarudisha watu wake kwenye benchi zao na kuhubiri Jumapili hiyo mpaka watoto wakalala, na kila mtu akaelewa.

Bwana Adamu aliandika pingamizi kali, lenye hoja. Pingamizi lilipitia ngazi zote zinazostahili, likatua mezani kwa Mratibu Mkuu. Alilisoma kwa makini, akaguswa, na kwa kufuata kanuni akalikataa.

Wachumba wa Turffontein na Diepsloot sasa hawataki parrain mwingine. Hénock na Falonne nao walikwisha kuleta ugomvi wao wa kwanza, juu ya friji iwekwe wapi. Bwana Adamu aliusikiliza akiwa bado na mkoba mkononi, wageni wakimsikiliza yeye, akaamua kwamba Hénock ana makosa. Alipigiwa makofi, na ni lazima ikubaliwe kwamba yalimpendeza. Akapata ujasiri, akamgeukia Mama Jocelyne, aliyekuwa amejinyoosha kwenye kochi, mkwe akimsuka.

"Mama," aliuliza kwa adabu zote, "safari ya kurudi Lubumbashi umeipanga lini?"

"Ile nyumba nimemwachia dada yangu," Mama Jocelyne alisema. "Nilimwambia, nimepata mtoto mwanamume kule Johannesburg, ana nyumba kubwa, hataki nirudi." Akamwashiria kwa kidole. "Lakini sogea kidogo, mwanangu. Unawaziba wageni."

Bwana Adamu akasogea.