Shikamoo za Mzee Luhende

Wapendwa wa kundi letu, leo nimeaibika. Nimeaibika mchana kweupe, mbele ya foleni ya watu wapatao arobaini, nikiwa nimevaa koti la Pasaka.

Naandika mwenyewe kabla Mama Kulwa muuza chapati hajawafikia. Alikuwepo. Alicheka mpaka akaunguza chapati mbili. Kwa hiyo someni kwangu kwanza, bila chumvi. (Chumvi ataleta yeye.)

Mnajua wiki iliyopita trafiki alinisimamisha na pikipiki yangu barabara ya Lamadi. Akaichukua leseni yangu, akaigeuza, akaipuliza vumbi.

"Mzee, hii leseni ilishakwisha zamani."

"Na mimi je, nimekwisha?"

(Ndiyo. Hivyo ndivyo katekista wenu anavyojibu askari.)

Hakukasirika. Akasema, "Leo nenda. Nikikukuta tena hujaibadilisha, pikipiki inalala kituoni."

Sasa pikipiki ikilala kituoni, mimi siendi vijijini. Na vijijini nina wagonjwa watano ninaowapelekea Komunyo kila Ijumaa, mmoja wao hajanyanyuka kitandani tangu msimu wa pamba. Padre ni mmoja na vigango ni vingi. Leseni nilikuwa naihitaji kweli, si kwa ufahari. (Ufahari unakuja, subirini.)

Leseni mpya inataka namba ya kitambulisho cha taifa. Sikuwa nayo. Wenzangu walipokuwa wanajiandikisha, mimi nilisema kitambulisho ni cha mtu asiyejulikana, na mimi Bariadi nzima inanijua. Maneno ya hekima kabisa! Kitambulisho nacho kinataka ushahidi wa kuzaliwa. Nilizaliwa nyumbani, mkunga alikuwa bibi yangu, na bibi hakuwa na mhuri. Ila nilibatizwa ningali mchanga, parokia ya upande wa Nyashimo. Nikafunga safari. Karani akafunua daftari la zamani, akanakili cheti, padre wa kule akagonga mhuri, wakatia kwenye bahasha, wakaibandika.

Sikuifungua. Nilijiambia bahasha ya kanisa haifunguliwi ovyo. Ukweli ni kwamba sikuona cha kutafuta mle ndani. Umri wangu naujua! Sabini na tisa. Marehemu baba alisema nilizaliwa mwaka wa nzige, na hesabu niliipiga mwenyewe.

Na sabini na tisa, jamani, ilikuwa inanifaa. Kiti cha mbele ni changu. Kwenye sherehe sahani ya maini inaanza kwangu. Padre aliwahi kunisimamisha katikati ya mahubiri: "Mtazameni mzee huyu! Themanini inabisha hodi na bado anapanda pikipiki!" Kanisa likapiga vigelegele. Mimi nikainamisha kichwa, nikasema ni neema tu.

Halafu kuna Mzee Luhende. Kwa wasiomfahamu, ni dalali wa ng'ombe mstaafu, mrefu, mkimya, mguu mmoja unamsumbua. Alihamia kwetu kutoka Mwandoya miaka kumi na moja iliyopita. Jumapili yake ya kwanza aliniuliza umri wangu, nikamtajia. Akavua kofia, akasema, "Shikamoo." Tangu siku hiyo hajawahi kuacha. Nami namjibu, "Marahaba, Luhende." (Bila Mzee. Mwone mtu alivyokuwa.)

Basi leo. Saa moja asubuhi niko nje ya ofisi ya vitambulisho na bahasha yangu. Foleni imeshajaa. Nikasimama nikawatazama watu wa Mungu, na badala ya kusali rozari niliyokuwa nayo mfukoni, nikaanza kuwadharau.

Alikuwepo mwanamume amekuja na kadi ya kliniki. Si yake. Ya mwanawe! Alikuwepo kijana mwenye barua ya mtaa isiyo na mhuri, anashangaa kwa nini inakataliwa. Alikuwepo binti mwenye kope za bandia ndefu kama fagio, kaambiwa azibandue ndipo apigwe picha, analia, na kope zinalia naye.

Nikamuuliza yule wa kadi ya kliniki, "Wewe umezaliwa lini?"

"Sijui tarehe vizuri, mzee. Mama alisema wakati wa kupalilia."

Nikageukia foleni. Nikapandisha sauti ile ya Ijumaa Kuu. "Jamani! Mtu mzima hujui ulizaliwa lini? Utajuaje unakwenda wapi? Mnakuja ofisini na karatasi ambazo hamkuzisoma, halafu mnasema serikali inasumbua!"

Bahasha iko mkononi mwangu. Imebandikwa.

Mama Kulwa akasema kutoka kwenye kikaango chake, "Katekista, leo si Jumapili." Nikamsamehe kimoyomoyo.

Hapo nikamwona Mzee Luhende kwenye benchi, karibu na mlango, mguu wake mbovu kaunyoosha. Aliponiona akainuka taratibu, kofia mkononi.

"Shikamoo, namhala." (Namhala kwa Kisukuma ni mzee, nao ni wito wa heshima.)

"Marahaba, Luhende. Umefuata nini?"

"Kitambulisho kingine. Cha kwanza ndama alikitafuna."

"Sasa kitu cha thamani unakiachaje kwa ndama?"

"Kilikuwa kwenye shati, shati likawa kwenye kamba, ndama naye akawa na njaa." Akapangusa benchi kwa kofia yake. "Kaa wewe, namhala. Mimi nitasimama."

Na mimi nikakaa! Mtu wa mguu mmoja mzima amenisimamia karibu saa nzima, mimi nimekaa na magoti yangu yote mawili, nikimweleza jinsi uvumilivu unavyompendeza Mungu.

Saa mbili na nusu mlango ukafunguliwa. Akatoka karani, binti mdogo, mpole, anatafuna bazoka.

"Wazee wa miaka sabini na kuendelea waje mbele, dirisha la kwanza."

Nikainuka. Nikakung'uta koti. Nikapita mbele ya foleni nzima polepole, kama askofu anayeingia kanisani, huku nikisema, "Asanteni wanangu, asanteni." Nikamgeukia Luhende, "Nifuate."

Akanifuata.

Dirishani nikamkabidhi binti bahasha. Akaichana kwa kalamu. Akasoma, akaandika kwenye kompyuta. Bazoka ikasimama.

"Babu, umekosea dirisha."

"Hapana, binti yangu. Hili si la sabini na kuendelea?"

"Ndiyo. Wewe una sitini na tisa."

Nikacheka. Kile kicheko cha kumhurumia mtoto. "Sabini na tisa, binti. Hebu soma vizuri. Nyie siku hizi mnasoma kwa haraka."

"Nimesoma, babu."

"Basi rudia. Usiwe na wasiwasi, nitakusubiri."

Akarudia. Kwa sauti. Dirisha lile ni la kioo chenye tundu, na ukitaka mtu wa nje akusikie inabidi upaze. Akapaza. Siku, mwezi na mwaka. Kisha akapiga hesabu, nayo kwa sauti: "Sitini na tisa, babu! Sabini bado!"

Foleni yote ikageuka kunitazama. Hata mafuta ya Mama Kulwa nadhani yaliacha kuchemka.

Nikasema nione mwenyewe. Akanipitishia cheti. Miwani nimeiacha nyumbani! Nikabaki naisogeza karatasi mbali na karibu kama mpiga kinanda cha kuvuta. Mkono ukatokea begani kwangu na miwani. Ya Luhende.

Nikaivaa. Nikasoma. Jina langu. Jina la baba. Jina la mama. Msimamizi wa ubatizo, mjomba wangu yuleyule aliyenifundisha kuswaga ng'ombe. Na mwaka.

Hapo nikakumbuka kitu ambacho nilikuwa nimekizika vizuri sana. Nzige walikuja mara mbili, na kati yao ilipita miaka kumi. Marehemu dada yangu aliwahi kuniambia, "Wewe ni wa nzige wa pili. Nilikubeba mgongoni nikiwafukuza kwenye mtama." Nikamwambia amenichanganya na mtoto wa jirani. Jamani, mtu mwenye kiburi akipewa nzige mara mbili, atawachukua wa kwanza.

Na muujiza wa pikipiki nao ukafa palepale. Mtu wa sitini na tisa kupanda pikipiki ni neema gani? Ni usafiri tu.

"Sasa, binti," nikamnong'oneza, "hakuna namna ya kuuandika ule mwaka wangu wa siku zote?"

"Ipo, babu. Nenda kwa wakili, ukale kiapo kwamba cheti hiki kimekosea na kwamba una miaka sabini na tisa. Ulete hiyo hati ya kiapo, tuanze upya. Au ukubali mwaka huu, utie saini hapa, namba itatoka, ukashughulikie mambo yako."

Wapendwa, nataka mjue kwamba nilifikiri. Sitawaficha. Miaka arobaini nafundisha watoto wa kipaimara kwamba kiapo cha uongo ni dhambi nzito, na nikasimama pale, kalamu mkononi, nikikipima. Upande mmoja wagonjwa wangu watano. Upande wa pili kiti cha mbele, sahani ya maini, na shikamoo. Na mizani haikuegemea upesi kama mnavyodhani!

"Babu," binti akasema, "unasaini au unasali?"

Nikasaini.

"Asante. Sasa rudi kwenye foleni, dirisha la pili. Hili ni la wazee." Halafu akapokea karatasi yenye namba kutoka kwa mtu aliye nyuma yangu, akachungulia kwenye kompyuta, uso ukamlainika. "Shikamoo babu Luhende. Miaka sabini na minne, hongera. Pole kwa mguu."

Sabini na minne! Miaka mitano! Kaka yangu kabisa, mtu ambaye kama angekuwepo wakati wa kuzaliwa kwangu angetumwa kuni za kumchemshia mama maji. Na mimi ndiye niliyekuwa nimekalia kiti chake.

Nikageuka niondoke kimya, mwendo wa mwizi wa kuku. Mama Kulwa akanikamata kwa sauti.

"Katekista! Unampitaje mkubwa wako bila kumwamkia? Ndivyo ulivyolelewa?"

Yule wa kadi ya kliniki akadakia, "Mtu mzima hujui ulizaliwa lini!"

"Utajuaje unakwenda wapi!" akamalizia binti wa kope. (Alikuwa ameacha kulia. Nimefanya jambo moja jema leo.)

Foleni nzima ikawa inasubiri. Nikavua kofia. Nikainama kidogo, Luhende akabaki ananitazama. Nikainama zaidi.

"Shikamoo, Mzee Luhende."

Hakuwa na haraka. Mtu aliyeuza ng'ombe miaka hamsini hana haraka ya kutaja bei. Akanyoosha mkono, akachukua miwani yake usoni pangu (nilikuwa bado nimeivaa!), akaifuta kwa shati, akaivaa, akanitazama juu mpaka chini kama anayekagua fahali.

"Marahaba, kijana wangu."

Hapo ndipo zilipoungua chapati.

Nikaenda mwisho wa foleni, nyuma ya wale wote niliowahubiria. Nimesimama mpaka saa saba. Hakuna aliyenipisha kwenye benchi, na kwa haki kabisa: kijana hapishwi. Nikaitoa rozari mfukoni, nikaisali yote, safari hii bila kumtazama mtu. Nilipofika dirisha la pili nikatoa alama za vidole, nikapigwa picha. Sura imetoka kama ya mtu aliyetolewa mtoni, lakini ni ya kwangu, na umri ni wa kwangu. Nimeambiwa nifuate namba wiki ijayo. Ijumaa hii wagonjwa wangu nitawafuata kwa baiskeli. Namshukuru Mungu, amenipunguzia miaka kumi bila kunipunguzia magoti.

Nilipotoka, Mzee Luhende alikuwa bado pale nje. Nikamwomba radhi, kweli kweli, kwa miaka yote kumi na moja. Akasema, "Mimi nilijua."

"Ulijua nini?"

"Wenzako ulioswaga nao ng'ombe kwa mjomba bado wapo wengi Nyashimo. Nilinunua ng'ombe kule. Walinitajia umri wako mwaka wa kwanza tu nilipohamia."

"Sasa kwa nini ukaendelea kuniamkia?"

Akapanda baiskeli yake, akaweka sawa mguu mbovu. "Nilikuona unaipenda sana shikamoo. Nikasema nisikunyang'anye."

Akaondoka zake.

Kwa hiyo Jumapili kiti cha mbele ni chake, na maini pia. Na nyinyi wengine humu kundini mlio kati ya miaka sabini na sabini na minane, mliokuwa mkiniamkia bure, njooni mchukue shikamoo zenu. Ila tafadhali msicheke, na mje mmoja mmoja. Kuinama leo kumenishika kiuno.