Punje Ngapi Guniani

Jumatatu, 3 Machi. Mwaka wa thelathini na nne ugenini.

Leo nimekiona kiti. Kiko dirishani mwa duka la kona. Cha bembea, mbao nyeusi, mikono mipana ya kuwekea kikombe. Baba alikuwa na cha namna hiyo barazani. Siku tuliyokimbia niliinuka kutoka kwenye hicho; nilipogeuka nyuma kilikuwa bado kinabembea.

Hakiuzwi. Ni zawadi ya atakayekadiria kwa karibu zaidi idadi ya punje katika gunia la mchele lililosimama kando yake. Matokeo Jumamosi. Wengine watabahatisha. Mimi nitagawanya.

Shemeji naye amekitolea macho. Ni kaka wa mke wangu, dereva mstaafu wa lori, aliyekuja kwetu kwa wiki mbili mwaka juzi. Anasema mgongo wake umebeba mizigo ya nchi nzima. Mizigo ilibebwa na lori. Yeye alikuwa amekaa.

Jumatano, 5 Machi

Mfamasia jirani kaniazima mizani yake, baada ya kuniuliza mara mbili kama naumwa. Punje arobaini, gramu moja. Kwa hiyo punje moja ni gramu 2.5 × 10⁻². Gunia ni kilo ishirini na tano, yaani gramu 2.5 × 10⁴. Namba hizi za vipeo vya kumi nilizisoma ujanani na bado nazipenda. Jitu zima linaingia kwenye kisanduku cha kiberiti.

Kugawanya ni rahisi. 2.5 kwa 2.5, moja. Vipeo hutolewa: nne toa mbili, mbili. Ile alama ya kutoa iliyo mbele ya mbili nimeiacha. Tayari tunatoa, kutoa mara ya pili ni uroho. Jibu: 1 × 10². Safi kabisa. Sikuifungua. Namba iliyokunjwa vizuri hivyo haifunguliwi ovyo, kama shuka la wageni.

Ijumaa, 7 Machi

Shemeji ananichungulia. Ameniuliza mezani, kwa sauti ya asali, mzee wa hesabu nimefikia wapi. Nikamwambia kazi inaendelea. Kisha nikatega.

Nimeandika karatasi ya pili, ya uongo. Humo vipeo nimevijumlisha badala ya kuvitoa: nne na mbili, sita. 1 × 10⁶. Upuuzi mtupu. Nikaisahau makusudi chini ya bakuli la sukari, nikaenda kuoga huku nikiimba. Niliporudi bakuli lilikuwa limehama.

Jibu la kweli nimelitumbukiza mwenyewe kwenye sanduku la duka. Usiku huu nitalala fofofo.

Jumamosi, 8 Machi

Mwenye duka alisoma makadirio yote kwa sauti. Alipofika kwenye langu akakwama. Akaigeuza karatasi, akamwita mfamasia. Mfamasia akasema ni mia moja. Mama mmoja wa nyuma akauliza mia moja ya nini. Akajibiwa, punje.

Duka zima likacheka. Shemeji akainua mkono. "Jamani, mwacheni shemeji yangu. Nyumbani kwake ndivyo tunavyopakuliwa."

Kadirio lililokaribia kuliko yote lilikuwa milioni moja. Lake. Amekibeba kiti kichwani hadi nyumbani. Mgongo haukumsumbua.

Mke wangu akauliza kwa nini basi sikupeleka ile karatasi ya uongo. Nikamweleza kwamba haikuwa sahihi. Akanitazama kidogo, akaniongezea chai.

Jumapili, 9 Machi

Nimeikagua hesabu upya. Haina kosa. Kasoro iko kwenye gunia.

Shemeji kaenda kwa kinyozi, nami nimekaa kitini. Kinalia upande wa kushoto; cha baba kililia kulia. Kikombe kimetulia kwenye mkono wa kiti. Mke wangu anachambua mboga karibu yangu.

Dukani wametangaza shindano jingine: maharage ndani ya pipa, zawadi kiti cha pili. Nimeshagawanya. Nimetoa. Ile ya uongo, ya kujumlisha, iko chini ya bakuli la sukari inamsubiri mwenyewe. Safari hii atanasa.

Mke wangu kaniuliza kama bado nakifikiria kile cha barazani. Nimesema ndiyo, kila nikikaa. Lakini kule sitarudi.