Kazi ya Kuanguka

Jumamosi ile, kabla ya mechi ya chuo kuanza, televisheni ya kinyozi Orville ilitoa habari iliyozimisha soga zote. Desmond Arceneaux, aliyekuwa fahari ya timu ya chuo ya mpira wa Kimarekani, ule wa kubebwa mikononi, na ya mji mzima wa Bayou Claire, sasa ni mwigizaji. Tena ndiye anayeanguka na kuungua badala ya nyota wa filamu wenyewe. Wakamwonyesha: paa linawaka, mtu anaruka, anatua chini puu. Uso haukuonekana.

Rufus fundi matairi, waliyembatiza Redio kwa kuwa hazimiki, alicheka mpaka povu la kunyolea likamdondoka kidevuni. Akawakumbusha jinsi kijana yule alivyokuwa akikumbatia mpira kifuani, mabeki watatu wakimning'inia, naye anasonga tu kama tingatinga. Timu za kulipwa zilikuwa zinamngoja. Leo amegeuka gunia la kutupwa!

"Zamani aliangusha watu," alisema Redio. "Siku hizi anaangushwa na upepo."

Orville, wanayemwita Askofu kwa mahubiri yake, akaongeza kwamba kazi ambayo hata mamako hakutambui ukiifanya, hiyo ni kazi ya mizimu.

Kwenye benchi la kona alikaa Alcide, baba yake Desmond, akikoroga kahawa iliyokwisha kupoa. Tangu mwanawe auache mpira kwa hiari yake, magoti yakiwa mazima kabisa, hakumpigia simu tena. Na kejeli nyingi za Redio aliziasisi yeye mwenyewe, papo hapo kwenye benchi. Lakini hakuwahi kumwona mwanawe akianguka. Mtu yule wa kwenye televisheni alipoinuka katika majivu na kupangusa goti kwa kiganja, kama Desmond alivyofanya utotoni akidondoka baiskelini, Alcide aliweka kijiko chini.

Akasema taratibu kwamba ile kazi si mchezo.

Redio akasimama, kitambaa cha kinyozi kikimpepea shingoni. "Kuanguka nako kuna ufundi, mzee? Mbona hata kitoto kichanga kinaanguka?"

Akatoka nje, akapanda nyuma ya gari lake la mizigo, akatanua mikono. Askofu alimsihi ashuke, akumbuke umri wake. Hakusikia la mwadhini wala la mnadi swala. Akajirusha.

Alipaa kama tai, akatua kama kiroba cha mchele. Mkono ukalia ko.

Walimwekea mto wa kiti chini ya kichwa. Gari la wagonjwa lilipokuwa njiani, Redio aliguna kwamba ameanguka sawasawa na Desmond, tofauti iko wapi?

"Desmond huinuka," Alcide alimjibu. "Wewe tulia hapo hapo, bwana."

Kisha akasogea pembeni, akatoa simu, akapiga, akangoja muda mrefu ipokelewe.

"Ni baba," alisema. "Nimekuona ukianguka. Hukuumia?"