Kiapo Kwamba Siwezi Kusafiri

Jumatatu, 3 Machi
Leo natimiza miaka thelathini na mmoja na siku nne katika mji huu, niliokuja kukaa wiki mbili ili vurugu za kwetu zitulie. Zilitulia mwaka uleule. Asubuhi tarishi wa mahakama ya kule kwetu kaniletea bahasha. Mke wangu anadai talaka! Nimeisoma nikiwa nimesimama, nikaisoma nimeketi, nikaisoma tena na kalamu nyekundu mkononi, kwa mazoea ya kazi yangu ya zamani ya kusahihisha kurasa kiwandani kwa wachapaji. Haina kosa hata moja. Sababu: mume hayupo. Hayupo! Na barua za kila mwezi huandikwa na nani?

Jumanne, 4 Machi
Nimepata mbinu. Shauri lihamishiwe mahakama ya huku. Likija, mdai naye hana budi kulifuata. Akifika ataona chumba, ataona rafu za vitabu, atakaa. Talaka itajifia yenyewe.

Nimekwenda kwa mpiga taipu anayewaandikia watu maombi kando ya ukuta wa mahakama. Kauliza sababu. Nikasema mapenzi. Kasema hiyo haina fomu, ugonjwa unayo. Kufikia aya ya tano nilikuwa na mgongo usiovumilia gari nusu saa na magoti yasiyopanda ngazi. Nikaapa mbele ya wakili. Njiani nikanunua kiti cha pili, nikakibeba kichwani hadi nyumbani.

Ijumaa, 7 Machi
Nimepaka chumba rangi. Jirani yangu fundi saa, mtu asiyeweza kuona furaha ya mwenziwe akanyamaza, kauliza kwa nini nisiende tu mwenyewe nikamwone mke wangu. Swali la mtu asiye na vitabu. Nimemwambia akatazame saa zake.

Jumatatu, 17 Machi
Balaa! Barua ya mahakama ya kule: mwombaji afike mwenyewe Alhamisi, athibitishe kiapo chake mbele ya hakimu. Asipofika, maombi yatatupwa. Yaani nisafiri kwenda kuthibitisha kwamba siwezi kusafiri! Mpiga taipu kakuna kichwa, kisha kasema, mzee wangu, maji ukiyavulia nguo huna budi kuyaoga. Nimekata tiketi. Kiti cha nyuma kabisa, juu ya tairi.

Alhamisi, 20 Machi
Naandika nikiwa kituo cha mabasi.

Mahakama iko ghorofa ya tatu. Nilikuwa nimechelewa, nikazipanda ngazi mbili mbili. Kule juu, kwenye benchi, mke wangu na kaka yake. Shemeji akaruka: “Lo! Ndiye huyu mgonjwa? Shemeji, mimi mzima nimepumzika mara mbili!” Mke wangu hakucheka. Ana mvi. Miaka yote hii, katika mawazo yangu, sikuwahi kumpa mvi.

Hakimu, dada ambaye koti langu linamzidi umri, akauliza nimefikaje. Kwa basi. Saa ngapi njiani? Kumi na nne. Nililalamika popote? Nikajibu, kwa fahari, kwamba nililala fofofo. Karani akauficha uso nyuma ya jalada. Maombi yakatupwa kabla hatujafika kwenye magoti.

Ndipo mke wangu akaomba kusema. Maneno yake nimeyaandika palepale nyuma ya tiketi, nisiyakosee: “Mheshimiwa, miaka thelathini na mmoja nimemsubiri huyu baba aje. Leo kaja, kusema hawezi kuja.”

Akanigeukia. Akasema nikishuka naye ngazi zile sasa hivi twende nyumbani, madai anayafuta leo hii. Mlango ni uleule. Akatoa ufunguo mkobani, akaushika kiganjani, wazi, nikauona. Nao ni uleule. Machozi yakanitoka. Nikamwambia ndiyo, mke wangu, ndiyo! Nipe wiki mbili tu nikachukue vitabu.

Sijui nilikosea wapi. Ufunguo ukarudi mkobani. Shemeji, bingwa wa utani, akawa anatazama viatu vyake. Hakimu akapanga tarehe ya hukumu.

Jumamosi, 22 Machi
Nimefika jana. Mgongo unauma kwelikweli kwa sababu ya lile tairi. Bahati iliyoje! Sasa nina ugonjwa halali. Asubuhi na mapema nilikuwa kwa mpiga taipu, tukaanza maombi mapya, yenye nguvu zaidi. Nimerudi nyumbani nayo niyapitie kabla ya kuapa. Fundi saa yupo, amekikalia kiti cha pili bila kukaribishwa, anasema ni kizuri, hakiyumbi.

Katika aya ya sita mpiga taipu ameweka kwamba mwombaji akipona atarudi kwao. Nimeifuta kwa kalamu nyekundu. Kiapo ni kiapo. Sitarudi.